Kipimo cha Kichwa

New Cross, London
5 Oktoba 2003

Babu yangu,

Shikamoo. Nakubusu mkono.

Nakuandikia kwa sababu kwenye simu hunisikii, na mpaka wewe unisikie, Baba na majirani wote wa Queensbury wameshanisikia. Utanisamehe makosa. Ulinifundisha kuandika Kiswahili pale mezani jikoni kila Jumamosi, na nilikuwa nanuna kwa sababu wenzangu walikuwa wanatazama katuni. Sasa nashukuru, kidogo.

Nina ombi. Nataka kujifunza kushona kofia. Siyo ya mashine. Nataka ya mkono, ya viua, kama zile za marehemu Bibi Zahra. Najua karatasi zake za michoro zimo kwenye kasha chini ya kitanda chako. Naomba moja, na unieleze namna alivyokuwa akifanya, kadiri unavyokumbuka. Huu ni mwaka wangu wa mwisho chuoni na kuna kazi nataka kuitengeneza kwa ajili ya maonyesho. Lakini si kwa ajili ya chuo tu. Kuna mtu nataka kumshonea.

Usimwambie Baba bado.

Mjukuu wako,
Miska


Queensbury
11 Oktoba 2003

Mjukuu wangu Miska,

Marahaba. Barua yako nimeisoma mara mbili. Mara ya kwanza kwa furaha, mara ya pili na kalamu nyekundu mkononi, halafu kalamu nikairudisha mfukoni. Unaandika vizuri.

Nilidhani kofia yako ya kwanza utamshonea mume wako wa zamani, yaani mimi, uliyeniposa ukiwa na miaka minne kwa peremende moja uliyokwisha kuilamba. Basi nimeachwa. Sina kinyongo, ila nitataka kumwona huyo aliyenishinda.

Kwetu Unguja msichana akiomba kufundishwa kofia haulizwi ni ya nani. Mama yake ananunua kitambaa cha bafta, shangazi anachora, na nyumba nzima inajifanya haijui kitu. Kofia inachukua miezi, na katika miezi hiyo kijana naye anapata kujulikana polepole: ni wa ukoo gani, anasali wapi, mama yake ana ulimi wa namna gani. Bibi yako alinishonea yangu mwaka 1956. Siku niliyoivaa ndipo baba yake alipokubali kwa mdomo jambo ambalo mtaa mzima ulikuwa umeshalijua. Kwa hiyo sikuulizi.

Sasa kazi yenyewe. Kofia ina sehemu mbili, duara la juu na ukuta wa pembeni. Karatasi ninayokutumia ina mchoro uliotobolewa kwa sindano. Iweke juu ya bafta, usugue unga wa mkaa kwa kitambaa, alama zitabaki chini. Halafu unatoboa kila alama na kuizungushia uzi mpaka kitundu kisimame wazi kama jicho. Hicho ndicho kiua. Katika kofia moja vimo mamia. Usivute uzi kwa hasira, kitambaa kinakumbuka.

Kipimo: zungusha uzi kichwani, upite katikati ya paji la uso na juu kidogo ya masikio, kisha uupime uzi kwa rula. Usikadirie kwa macho. Kofia ikiwa kubwa itavumilika. Ikiwa ndogo, mwenye nayo ataonekana ameiazima.

Bafta nzuri iko kwa Bi Champa, kule Kenton. Bibi yako hakununua kwingine. Mwambie wewe ni wa Zahra, akupunguzie.

Babu yako,
Muhsin


New Cross
2 Novemba 2003

Babu yangu,

Shikamoo.

Nilicheka peke yangu kwenye basi niliposoma jina la Bi Champa, kwa sababu mtu ninayemshonea ni mtoto wa duka hilo hilo. Nadhani unakumbuka Bibi alivyokuwa akinichukua nikiwa mdogo. Yeye na Bi Champa wakibishana bei kwa Kiswahili, mmoja cha Unguja, mwingine cha Kisumu, sisi watoto tulikuwa chini ya meza ya kukatia vitambaa tunakusanya vipande. Basi ndiyo tangu hapo, ingawa katikati tulipoteana miaka mingi. Tulikutana tena mwaka juzi kwenye treni.

Ni mtu mpole. Anafundisha watoto wadogo shule moja ya Harrow. Hali nyama wala samaki. Anakielewa Kiswahili cha mama yake lakini akijibu anajibu kwa Kiingereza, na mimi namcheka, halafu nakumbuka na mimi nilikuwa hivyo hivyo.

Kipimo ni sentimita hamsini na nne. Nimepima kwa uzi kama ulivyosema.

Nimeanza na duara. Vidole vimejaa matundu kuliko kitambaa. Nimeshafumua mara tatu. Mwalimu wangu wa chuo alikuja akasimama nyuma yangu akauliza kazi hii inazungumzia nini. Nikamwambia sijui, ngoja kwanza nimalize mstari.

Kuna ukurasa mwingine nilikuandikia, nimeuchana. Nitauandika tena nikipata nguvu.

Miska


Queensbury
23 Novemba 2003

Mjukuu wangu,

Nilisema sitauliza na kweli sikuuliza. Nilikwenda kununua uzi, na uzi unauzwa kwa Bi Champa.

Alinikalisha kwenye kiti, akanilaumu kwamba tangu Zahra afariki nimewasusa. Kijana wake Yogesh alikuwepo, anapanga majora ya vitambaa. Nilimtazama sana. Ni kijana wa heshima. Alinipandisha ngazi ya nje akinishika mkono bila kuambiwa, na tukazungumza kriketi muda mrefu, ingawa mimi kriketi siijui. Habari ya dini, wao Wahindu na sisi Waislamu, sikuigusa pale dukani, lakini usiku sikulala. Ndilo gumu, Miska, siwezi kukuficha. Baba yako atalikataa kabla hujamaliza sentensi. Lakini nimeona watu wakivuka hilo, na kijana mwenye tabia kama ile si wa kutupwa kwa siku moja. Nitakapoambiwa niseme na Himid baba yako, nitasema naye. Nimeshaanza kutunga maneno.

Jambo lenyewe lililonifanya niandike ni lingine. Kile kichwa si cha hamsini na nne. Nimeshona, yaani nimeona kofia nyingi maishani mwangu, na ninakuambia Yogesh ana kichwa cha sitini kamili, na nywele juu yake. Umekosea kupima. Hiyo kofia haitamwingia, na ukishafika nusu ya ukuta hakuna dawa. Simama kwanza. Mpime tena.

Pia nina la kukuomba radhi. Nilimgusia Dada Time huko Muscat, kwa siri, kwamba huenda tukawa na shughuli. Nilisahau dada yangu siri yake inakwendaje. Nasikia ameshanunua udi.

Babu yako,
Muhsin


New Cross
30 Novemba 2003

Babu,

Shikamoo.

Haitamwingia Yogesh kwa sababu si ya Yogesh. Bi Champa ana watoto wawili. Mwingine anaitwa Alka. Ndiye aliyekuwa chini ya meza na mimi. Ndiye wa sentimita hamsini na nne.

Nimeshaandika, kwa hiyo nitaendelea haraka kabla sijauchana na ukurasa huu. Si mchezo na si kwa ajili ya chuo. Nilikuwa nampenda kabla sijajua kwamba nitafanya kazi juu yake. Mama yake anajua. Alilia miezi miwili, halafu siku moja alimwambia Alka aje na mimi nikale. Bado analia, lakini akiwa anatupakulia.

Kazi yangu itakuwa hivi. Picha tatu kubwa za Alka, kwa nyuma, kwa upande na kwa mbele, amevaa kofia. Katikati kofia yenyewe, imekaa juu ya bakuli la bati, kama Bibi alivyokuwa akizikausha baada ya kuzitia dondo ili zikakamae. Basi. Wenzangu chuoni wanazungumza sana juu ya mwanamume ni nani, mwanamke ni nani, na mimi vitabu vyao nimevisoma na vimenisaidia. Lakini nilipotafuta namna ya kusema langu, sikuona katika vitabu hivyo kitu chenye harufu ya nyumbani kwetu. Nikakumbuka kofia. Kwetu mwanamke akikaa miezi na sindano, kila mtu anajua maana yake, hakuna haja ya kusema. Nilitaka na mimi kitu kama hicho.

Nilijua utafikiri ni mvulana. Niliiacha hivyo kwa sababu barua zako zilikuwa na furaha, na nilitaka kuzipokea chache zaidi kabla hazijakoma.

Mchoro ni wa Bibi. Kama hutaki utundikwe pale, niambie, nitafumua yote na kukurudishia karatasi. Sitakasirika. Nitangoja jibu lako.

Miska


New Cross
4 Januari 2004

Babu,

Shikamoo. Ni mimi tena. Najua barua ya mwisho ilifika kwa sababu Mama ameniambia ulikaa nayo ukumbini ukamwuliza kama mimi huku ninakula vizuri.

Sijafumua, lakini sijaongeza hata kiua kimoja. Imelala kwenye bahasha.

Miska


Muscat
17 Januari 2004

Muhsin, ndugu yangu,

Salamu nyingi. Mimi mzima, magoti ndiyo si mazima.

Barua yako ya kwanza ilisema kuna harusi. Ya pili inasema hakuna harusi, na sababu ukaizungusha kurasa mbili kama mwalimu anayetafuta chaki, mpaka mwisho ukaniuliza eti mtu anaweza kuzuia mchoro wa marehemu usitumike. Mimi si mtoto, Muhsin. Mjukuu wako anamshonea kofia mwanamke mwenzake. Unaona, sentensi moja imetosha.

Nimesikitika? Nimesikitika. Nimekaa na udi wa riali nyingi. Mwisho nikaufukiza mwenyewe, nyumba ikanukia bi harusi, na ndani yumo kikongwe anayetafuta miwani.

Lakini habari ya mchoro usiniulize mimi. Mchoro ni wa Zahra, na Zahra hakuwa mtu wa kukataza watu. Na mshono je? Nilikaa kwenu Kilburn mwaka 1971, nalala ukumbini, ukutani kwangu chumba chenu. Ulidhani sioni nani anafungua lile bati la biskuti lenye nyuzi Zahra akishaondoka kwenda kazini? Nani alikuwa akisukuma bati chini ya kochi mlango ukigongwa? Nilinyamaza kwa sababu Zahra aliniomba kwa macho. Wanaume wetu wa mkahawani Edgware Road walikuwa wakivua kofia zao, wakizigeuza kwenye taa wakisema, tazama mkono wa mwanamke huu, na wewe umekaa papo hapo unakoroga kahawa. Mpaka leo nikikumbuka nacheka nikishika ukuta.

Sasa wewe ndiye wa kumwambia mtoto nani ashone na nani ashonewe?

Mwandikie. Ameshangoja vya kutosha. Mimi mengine sijui nitayaweka wapi, nina miaka sabini na sita, nitayaweka nikipata nafasi. Lakini mtoto hatumtupi.

Dada yako,
Time


Queensbury
8 Februari 2004

Mjukuu wangu Miska,

Idi imepita bila wewe. Kiti chako hakuna aliyekikalia, hata watoto wa jamaa zetu wa Portsmouth walipokuja. Baba yako aliuliza uko wapi, mama yako akasema una kazi nyingi, nami nikatazama sahani. Kosa la kimya hiki ni langu. Nilikuwa natafuta barua nzuri ya kukuandikia na wewe ulikuwa unahitaji barua yoyote.

Nilifanya jambo ninalofanya siku zote nisipojua la kufanya. Nilikwenda maktaba ya Kingsbury. Niliazima vitabu vitatu vya sanaa ya siku hizi. Kimoja nilikirudisha kwa sababu mwandishi hakutaka kueleweka. Kingine kilikuwa na picha za mwanamume aliyejipiga picha amevaa nguo za mama yake aliyekufa, moja baada ya nyingine. Siku ya kwanza nilikifunga. Siku ya tatu nikakifungua tena nikakiangalia sana. Sikuona kwamba anafanya mzaha. Niliona anamtafuta mama yake, na amekwenda kumtafuta mahali pa karibu kuliko pote.

Sasa nikueleze jambo ambalo duniani wamebaki wawili wanaolijua, mimi na Dada Time.

Tulipofika hapa mimi nilikuwa mwalimu, na Uingereza haikuwa na haja na ualimu wangu. Bibi yako alipata kazi ya kufua mashuka. Dawa za kufulia zilimvimbisha vidole mpaka akawa hawezi tena kushona. Alikuwa ameahidi kofia ya harusi ya mtu, imefika nusu. Majira ya baridi ya mwaka 1970, mimi sina kazi, yeye hana vidole. Akakaa pembeni yangu akaniambia, Mwalimu, njoo nikufundishe wewe leo. Nilimaliza ile kofia. Ikafuata nyingine. Yeye alichora na kutoboa karatasi, alichoweza, na mimi nilishona. Nilipopata kazi ya ukarani wa reli sikuacha. Nilikuwa nashona Jumapili baba yako akiwa chuoni kusoma Qur'ani, na baadaye nilipokuwa peke yangu. Kofia zote zilizosifiwa London na Portsmouth kwamba ni mkono wa Zahra zilikuwa za watu wawili. Mwaka 1989 ndipo macho yangu yalipochoka.

Hatukuona aibu, usidhani hivyo. Tulicheka sana. Lakini nje hatukusema, kwa sababu tulijua watu wangemtazama yeye kwa huruma na mimi kwa namna nyingine, na ile raha yetu ya mezani ingeingiwa na macho ya watu. Ninapokuandikia ndipo ninapoona kwamba raha iliyofungiwa ndani miaka mingi hivyo inaanza kufanana na siri, na mwenye nayo anajifunza kugutuka mlango ukigongwa. Sitaki ugutuke.

Siyaelewi yote, Miska. Mambo ya dini nimeyaacha mahali pake. Nina yangu na Mungu ambayo sijayamaliza, na sikupewa kazi ya kumalizia ya mwingine. Ninachojua ni kushona. Usifumue.

Katika ile picha ya kofia uliyomtumia mama yako nimeona mstari wa tatu wa duara umelegea. Mwisho wa uzi unaufichaje? Bibi yako alikuwa akiurudisha ndani ya kiua chenyewe, huuoni. Mimi sikuweza kujifunza hilo hata siku moja. Kwa ndani niliufunga kwa nyuzi mbili zinazokatana, kama alama ya kosa kwenye daftari la mwanafunzi. Zahra alikuwa akisema, Mwalimu, hata kofia unaisahihisha. Fuata namna yake, si yangu.

Na huyo Alka nimemkumbuka. Aliwahi kunifunga kamba za viatu pamoja chini ya ile meza.

Babu yako,
Muhsin


New Cross
21 Februari 2004

Babu yangu,

Shikamoo, na nakubusu mikono yote miwili.

Nilisoma barua yako kwenye ngazi, sikufika chumbani. Kisha nilimsomea Alka, namfasiria pale anapokwama, na tulipofika kwenye kamba za viatu alikana kabisa. Anasema alikuwa Yogesh. Usimwamini.

Mstari wa tatu nimeurudia. Nimeanza ukuta.

Nina ombi la pili, na hili ni kubwa kuliko la kwanza. Naomba kofia moja mliyoishona nyinyi wawili, niiweke karibu na yangu. Nataka kuigeuza ili ndani ionekane. Ukutani kutakuwa na kadi ndogo yenye jina la aliyetengeneza. Niandike nini? Naweza kuandika Zahra peke yake, kama watu wanavyojua. Naweza kuandika "familia". Kazi ni yangu lakini jina ni lako, kwa hiyo wewe ndiye wa kusema. Maonyesho yanafunguliwa tarehe kumi na moja Juni. Watu wetu watakuja, najua, binti wa fulani akiwa na picha ukutani habari hufika Edgware Road kabla yake. Kwa hiyo Baba mwambie wewe mapema, nakuruhusu.

Na ile barua yako ya jinsi ya kupima kichwa, naomba ruhusa niitundike pia.

Miska


Queensbury
16 Mei 2004

Mjukuu wangu,

Kofia ninaituma kwa mkono wa Bi Champa, siiamini posta. Ni ya mwaka 1977. Bwana aliyeagiza kushonewa alihamia Kanada bila kuichukua, kwa hiyo haijawahi kuvaliwa na mtu. Usiitie dondo tena, itapasuka.

Kadi nimeifikiria sana. Nilikwenda mpaka Edgware Road nikakaa na wenzangu, sisi watano tuliobaki, nikawasikiliza wakizungumza, nikajaribu kuona nyuso zao siku watakapoisoma. Bwana Amir alikuwa amevaa kofia yangu. Alikuwa anamwambia kijana wa mkahawa kwamba siku hizi hakuna tena wanawake wa kushona hivi. Nilitaka kumjibu pale pale. Nikaona ni adabu zaidi asome mwenyewe.

Andika hivi: Mchoro, Zahra binti Seif. Mshono, Muhsin bin Khamis. Kilburn, London, 1977.

Baba yako nimemwambia yako yote, kwa sababu uliniruhusu. Juu ya kofia sikumwambia, hiyo ataikuta mwenyewe akitaka. Tulikuwa jikoni. Alinisikiliza mpaka mwisho, hakupaza sauti. Halafu akatoka kwenda kuosha gari, na mvua ilikuwa inanyesha. Aliliosha mbele, akaliosha nyuma, akaanza tena mbele. Mama yako alimpelekea mwavuli, akamsimamia nao, na yeye akaendelea kuosha. Sijui hiyo ni ndiyo au siyo. Najua hakumwambia arudi ndani.

Mimi nitakuja. Nitavaa kofia ya mwaka 1956, iliyoshonwa na Zahra peke yake, ili watu waone kazi ya fundi na kazi ya mwanafunzi wake.

Babu yako,
Muhsin


Queensbury
27 Juni 2004

Mwanangu Miska,

Sijazoea kuandika Kiswahili. Babu yako amesema nikikuandikia nitumie hiki, eti kwa Kiingereza mimi ni mtu wa ofisi ya nyumba za manispaa na kwa Kiswahili ni baba yako. Ataisahihisha barua, kalamu nyekundu anayo mfukoni.

Siku ya kufungua sikuja. Unajua. Babu alirudi na Bi Champa saa nne ya usiku, wamechangamka, akatundika kofia yake msumarini akaniambia picha zimetundikwa juu kidogo. Ndilo alilosema tu. Kesho yake simu hapa haikukoma kulia. Bwana Amir alipiga akataka kusema na Babu, na kwa kuwa Babu hasikii ilibidi mimi niwe katikati. Akaniambia, mwulize baba yako hii kofia yangu ya mwaka 1974 ni mkono wa nani. Nikauliza. Babu akasema, mwambie ageuze atazame. Sikuelewa kitu. Nilisikia Bwana Amir anaweka simu mezani, akarudi, akacheka mpaka akakohoa, akasema, mwambie Mwalimu nimeipenda zaidi. Wengine hawakupiga kwa kucheka. Nao pia Babu aliwajibu.

Jumatano nilichukua ruhusa ya nusu siku nikaja peke yangu. Ukumbi ulikuwa hauna mtu isipokuwa msichana anayeuza kadi za picha. Nilisimama mbele ya picha za Alka. Nilimjua. Nilikuwa nikienda kumchukua Mama pale dukani, yeye ndiye aliyekuwa akinifungulia mlango. Katika ile picha ya mbele anamtazama mtu aliyeshika kamera, na nikakumbuka mtu huyo ni wewe. Sijawahi kuona mtu akikutazama hivyo. Sikujua niende wapi, kwa hiyo nikasogea kwenye ile kofia iliyogeuzwa, nikasoma kadi.

Nilirudi nyumbani nikafungua kabati nikatoa kofia yangu ya harusi. Nimeivaa kila Idi tangu mwaka 1981. Tulipomzika Mama niliivaa hiyo, na siku nzima nilikuwa nikijituliza kwamba mkono wake uko kichwani kwangu. Niliigeuza. Nyuzi mbili zinakatana, kila mahali, ukuta mzima.

Nikamwendea Babu nayo. Nikamwuliza kwa nini hakuniambia. Akasema, hukuuliza. Nikasema, lakini nyumba hii hatuulizani. Akasema, ndiyo, na akasogea nikae.

Basi na mimi nimeanza kuuliza. Nimemwuliza mama yako alijua lini habari yako. Amesema kabla yako wewe.

Bado sina maneno ya jambo lenyewe, Miska. Nisingependa kukudanganya kwamba ninayo. Ila mama yako anataka kujua kama ni kweli mwenzako hali hata samaki, kwa sababu anaweza kupika maharage ya nazi na mbaazi, lakini anataka kuambiwa mapema aloweke.

Kofia yangu imechakaa pembeni. Nimechukua uzi nikajipima, katikati ya paji na juu kidogo ya masikio, kama ilivyoandikwa pale ukutani. Nimepata hamsini na nane. Babu yako hakuniamini, amenipima tena, amepata hamsini na nane na nusu. Tumebishana sana. Mwisho tumekubaliana kwamba mshonaji ndiye anayepaswa kupima.

Sina haraka nayo. Jumapili nipo nyumbani.

Baba yako,
Himid